Bi. Orpha na Fomu za Chakula cha Mchana

Kabla hajawa msaidizi wa chumba cha kusoma, wanakosaidiwa watoto wanaochelewa kusoma, Orpha Sizemore alipika katika jiko la shule yetu miaka kumi na miwili. Mwalimu mmoja alimkuta akimsomesha mtoto maandishi ya kwenye mfuko wa unga, akamvuta darasani. Mshahara wake ulitoka katika fedha ambazo serikali kuu huzipa shule zenye watoto wengi wa hali ya chini, na hapa bondeni, tangu migodi ya makaa ifungwe, hali zetu zinajulikana.

Zinajulikana, lakini lazima ziandikwe. Kila familia hujaza fomu ya chakula cha mchana cha bure, ikitaja kipato chake, na wilaya huhesabu watoto wa hali ya chini kwa fomu hizo. Mwaka mmoja zilirudi chache mno, mwalimu mkuu akasema fedha zitapungua na chumba cha kusoma kitafungwa. Orpha akawasha pikapu yake, akaanza kupanda vilima nyumba kwa nyumba.

Wengi walijaza palepale. Delmer Combs, mchimba makaa mstaafu anayelea mjukuu, alikataa. Alikuwa barazani akichambua maharage mabichi. Orpha akavuta kiti, akachota konzi moja, akamsaidia.

"Mimi sijapata kuomba cha mtu, Bi. Orpha, na siwezi kuanza uzeeni."

"Nani kakwambia uombe? Mgodini ulikuwa ukitundika kibati chako chenye namba ubaoni kila ukishuka. Ile nayo ilikuwa kuomba?"

Delmer aliokota haragwe jingine, akalikata ncha. "Ile ilikuwa ili mgodi ukiporomoka wajue nani wa kumtafuta."

"Basi na hii ni hivyohivyo."

Delmer akamwambia maharage yametosha, aende zake. Njia nzima Orpha alijilaumu, maana mdogo wake Delmer alifia mgodini humo, naye Orpha alilijua hilo kabla hajafungua mdomo.

Jumatatu mjukuu, Lottie, alileta fomu iliyokunjwa mara nne, imejazwa kwa penseli.

Chumba hakikufungwa, ila fedha zilitosha msaidizi mmoja na nusu, nao walikuwa wawili. Orpha akachukua ile nusu, ili mwenzake mwenye watoto wadogo abaki na kazi kamili. Mchana sasa anafua mashuka katika hoteli ya barabarani, na miguu inamuuma. Asubuhi hukaa na Lottie, ambaye bado huruka maneno marefu.

"Umeacha moja, mama," humwambia. "Rudi nyuma kidogo."