Kifuniko cha Kamera ya Shangazi

Makapi ya nafaka ya wimbi yana harufu ya vumbi lililoiva juani, na ukiyavuta, pua huwasha hadi jioni. Harufu hiyo ndiyo likizo yangu ya darasa la tano, nyumbani kwa bibi, chini ya vilima vya Osukuru. Wazazi wangu walibaki Busia wakiuza nguo sokoni. Shangazi Athieno naye alikuja, na kamera yake. Filamu zake hazikuwa na mtu anayekimbizwa wala kupigana. Zilikuwa na kilima, ukungu, njia ya ng'ombe. Aliisimamisha kamera kwenye miguu yake mitatu, akaiwasha, kisha akaondoka kabisa ili watu waisahau. Majirani walisema anamaliza betri bure.

Siku bibi alipopepeta wimbi, shangazi aliiwasha kamera, akaniagiza nifukuze kuku tu, nisiguse kitu. Akaenda zake. Lori la mawe likapita likitoka kilimani, na vumbi jekundu likatujia. Nikawaza lenzi itachubuka, nikawaza shangazi atalia. Nikakichukua kifuniko, nikaifunika. Nilikusudia kukitoa vumbi likitulia, lakini bibi, ungo ukiwa bado mkononi, aliniita.

“Weye, kuja kula viazi.”

“Nachunga kamera, bibi.”

“Iko na miguu tatu na haiendi popote. Kuja.”

Nikaenda, nikasahau. Jioni shangazi alifungasha vitu vyake bila kuniambia lolote. Bibi alifariki kabla ya mavuno mengine, na hiyo ndiyo siku pekee aliyowahi kurekodiwa akipepeta.

Sasa nimemaliza chuo kikuu, na barua ya kuomba kazi huisoma mara nane kabla ya kuituma. Maneno ya kuomba radhi kwa kile kifuniko nimeyapanga mara nyingi zaidi ya hizo. Mwezi uliopita shangazi aliniita kwake Tororo mjini, akatundika shuka ukutani, anionyeshe filamu aliyoikamilisha. Nikakiona kilima kabla upande wake mzima haujachimbwa. Nikamwona bibi na ungo wake, kidogo tu. Vumbi likatanda, kisha giza. Nikaanza kuyasema yale maneno.

“Nyamaza usikilize,” shangazi akasema. “Kifuniko nilikitoa mimi mwenyewe jioni ile. Ulidhani sikujua?”

Gizani sauti ya ungo iliendelea. Bibi akaniita kula. Kisha nikasikia kitu ambacho kumbukumbu yangu haikuwahi kuniletea: mtoto, mdomo umejaa viazi, akicheka mpaka anapaliwa, na bibi akimwambia ameze kwanza. Miaka yote nimeikumbuka siku ile kama siku ya hofu, kumbe mtoto yule hakuwa na hofu yoyote. Leo kilima kimepungua, uwanja wa bibi umeota nyasi, nami nahofia hata kupokea simu. Nilimwomba shangazi arudishe nyuma kidogo. Nadhani alifikiri nataka kumwona bibi tena, lakini nilipofumba macho nikisikiliza kile kicheko, hakuuliza. Aliirudisha mara tatu.