Baba wa Bibi Katika Filamu ya Vita

Baba yake bibi yangu alichukuliwa kwenda kupigana Burma, Vita ya Pili ya Dunia, bibi akiwa bado tumboni. Hakurudi, na hakuacha picha. Sura yake bibi aliijua kwa kusimuliwa tu: alikuwa na nembo, zile chale ambazo Wamwera wa zamani walichanjwa mashavuni. Bibi naye anazo.

Niliposikia kwamba Jumamosi mchana runinga itaonyesha filamu ya askari Waafrika wa Burma, nilimwambia. Akavaa kanga mpya.

Hapa kwetu Pande runinga tunaitazama kwenye kibanda cha mjomba, na Jumamosi vijana huwahi viti vya mpira. Nilisimama mlangoni, nikaona haya kuomba kiti. Bibi akanipita.

"Shikamoo, bibi," vijana walisema.

"Marahaba. Nipisheni, nimekuja na mume wangu kutazama vita aliyokwenda baba yangu."

"Mume mwenyewe bubu! Mwache huyo, njoo kwangu."

"Wewe hata ndevu huna."

Wakacheka, wakampa kiti. Mpira ulikuwa bado, mjomba akabadilisha chaneli.

Filamu ilichanganya mambo mawili. Kulikuwa na picha za zamani zisizo na rangi, watu wanatembea upesi upesi kama wamekanyaga makaa. Halafu zilikuja picha za rangi. Humo nilimwona askari mmoja mrefu akipigwa risasi mtoni, nikahuzunika. Baadaye kidogo nikamwona anakula wali. Nikaanza kujiuliza: pale mtoni, aliyeshika kamera alisimama wapi, mbona risasi hazikumpata?

Kila yule mrefu alipotokea, bibi alisogea mbele. "Ana mabega ya watu wa kwetu," alisema, macho yamejaa machozi.

Nikamnong'oneza, "Bibi, hana nembo. Ni mwigizaji huyo."

"Kwa hiyo hajafa?"

"Hajafa. Labda yuko mjini."

"Basi asinilize bure."

Zikarudi picha za zamani. Askari walikuwa wanavuka daraja la miti, wengine wanageuka kututazama. Bibi akashika shavu lake.

"Yule!" Halafu, "Na yule. Na huyo wa nyuma, mtazame!"

Kweli, wote walikuwa na mistari mashavuni. Daraja likaisha, wakatoweka.

"Sasa bibi, baba yako yupi?" aliuliza yule kijana asiye na ndevu, safari hii bila utani.

"Sijui, mwanangu. Nilidhani nikiziona nembo nitakuwa nimemwona. Kumbe walikwenda wengi."

Muda wa mpira ulikuwa umefika, lakini mjomba alishika rimoti asibonyeze. Nikamuuliza marudio ni lini. Kesho asubuhi, alisema.

Bibi alikuwa ameshafungua viganja, anawasomea Fatiha wote waliovuka. Alipomaliza akaniuliza kama kesho tunaweza kukaa karibu zaidi na kioo.