Sungura Wangu Barazani

Mimi ni mwepesi wa hasira, na kwa umri huu sioni tena haja ya kuficha. Miaka ile ya Mwingereza nilikuwa nauza kashata za karanga stesheni ya Tabora, na kila pakiti niliipiga muhuri wa sungura, muhuri niliochongewa kwa mti wa mninga. Abiria wengi hawakujua kusoma. Walitoa vichwa madirishani wakaita, "Leta sungura." Sungura yule ndiye aliyenilisha.

Basi akaja bwana mmoja kwa gari moshi la Kigoma, akaweka meza yake hatua chache kutoka yangu, akauza kashata zenye sungura. Masikio yale yale, mkia ule ule. Nilivumilia mpaka mama mmoja wa Kaliua, mteja wangu wa siku nyingi, aliponirudishia kipande alichokwisha kuking'ata. "Dada, siku hizi unatia mchanga?" Haikuwa kashata yangu. Nilijifunga kibwebwe, nikaenda kumshtaki baraza la Liwali siku ile ile kwa kuniibia alama yangu ya biashara.

Kosa langu lilikuwa moja: sikumuuliza kwao wapi. Kwa kuwa alishuka gari la Kigoma, nilimhesabu Mmanyema, nikamaliza.

Siku ya kesi karani alituandika kwanza. "Kabila?" Nikasema Mnyamwezi. Yule bwana akajibu taratibu, "Mzaramo. Ujiji nilikwenda kutembea tu."

Wazee wa baraza wakatazamana. Mmoja akafunika uso kwa kofia, mabega yakimtikisika. Tangu babu zetu walipobeba mizigo mpaka pwani, Mnyamwezi na Mzaramo ni watani. Mtani akichukua kitu chako hajaiba, na anayemkasirikia mtani ndiye mwenye aibu.

"Sheria ya hapa haiulizi utani, mama," Liwali akaniambia, akijitahidi kukaza uso. "Ukitaka, tutaisikiliza."

Nilitaka. Naapa nilitaka sana. Lakini nikakumbuka msiba wa mama yangu, jinsi Wazaramo wa mjini walivyoingia wakamsema marehemu kwa uchoyo wake wa chumvi, wakamwiga anavyotembea, mpaka mimi niliyekuwa sijala siku mbili nikacheka, kisha nikala. Watu hao ndio watakaonizika na mimi. Niliona uchungu na nikaona haya, yote mawili pamoja.

"Naifuta kesi, Bwana Liwali."

Mshtakiwa akasimama. "Mtani, chukua sungura wako. Amekonda mno, wateja wangu walidhani panya."

"Na wewe acha mchanga," nikamwambia. "Huku bara tuna meno, tunayahitaji."

Baraza zima likacheka, hata askari wa mlangoni.

Alitimiza neno lake. Wiki iliyofuata hapakuwa na sungura mezani kwake. Pakiti zake zilikuwa na muhuri mpya: mwanamke mnene, mikono kiunoni, mdomo wazi, anagomba. Stesheni nzima ilijua ni nani. Abiria wakaanza kuita, "Leta mama mkali," na kashata zake, sasa bila mchanga, zikatoka kuliko zangu. Sikuwa na pa kushtaki. Nilinunua pakiti mbili, nikampelekea dada yangu kule Nzega aone mtani alivyoipatia pua yangu.