Fundi Anayefumba Macho

Mkewe humwita Fundi, maana ndiye anayezitengenezea filamu sauti ambazo kamera haikuzipata. Mtu akivunjwa mguu kwenye sinema, ujue yeye kavunja karoti. Akitembea matopeni, ni yeye anakanda magazeti yaliyolowa kwenye beseni. Mikono yake haitulii. Mezani atasugua kijiko kwenye ukingo wa kikombe, kitandani atakwaruza shuka kwa ukucha, mpaka mkewe afoke, "We mwanamume, hata shuka huliachi lipumzike!" Naye hucheka kimyakimya, utadhani si yeye anayelipwa kwa kelele. Lakini sauti ngeni ikimpitia, bawaba ya jirani au kikohozi cha mpita njia, hufumba macho, akainamisha kichwa upande, akawa kama hayupo. Siku mama mkwe wake alipokata roho hospitalini, Fundi alisimama vivyo hivyo kando ya kitanda, na mkewe, katikati ya kilio, akamshukuru Mungu kwamba mumewe anasali.

Jana walikwenda kutazama filamu yake mpya. Humo bibi kizee mmoja akawa anakata roho, ukumbi mzima kimya. Pumzi ikavutwa kwa kukwaruza, ikakwama, ikashuka kwa mluzi mwembamba. Mkewe akaganda. Mluzi ule aliujua. Ulipotoka kule hospitalini, alikuwa ameushika mkono wa mama yake.

"Fundi," akasema kwa kwikwi za kilio, "huyo ni mama yangu!"

Akageuka. Mumewe alikuwa amefumba macho, kichwa kakiinamisha upande wa mkewe, anazisikiliza kwikwi.