Mgongo wa Irmtraud

Miaka ishirini na sita Irmtraud Lüders alipatia riziki yake shimoni. Shimo lenyewe lilikuwa mbele ya jukwaa la tamthilia pale Hamburg, na kazi yake ilikuwa kumnong'oneza mwigizaji aliyesahau maneno. Kwenye karatasi ya majina iliyobandikwa mlangoni, la kwake halikuwahi kuonekana. Mwenyewe hakulalamika. Mimi ningelalamika.

Mwaka 1961 televisheni ikauchukua mchezo mmoja wa zamani, urushwe moja kwa moja, na nafasi ya baba mwenye nyumba aigize mzee Ottokar Brehm, ambaye Irmtraud alishamnong'oneza miaka mingi. Brehm alikuwa na miaka sabini na tatu, na kichwa kilishaanza kuvuja. Akasema bila Irmtraud haendi. Basi naye akaitwa, lakini mazoezi ya kwanza tu, mnong'ono wake ukanaswa na maikrofoni.

"Bi Lüders, hapa hata ukimeza mate nchi nzima inasikia," mwongozaji, Bwana Wiegand, akamwambia. "Mzee akikwama tena, naweka mwingine."

Irmtraud alimkuta Brehm kantini, anakorogakoroga saladi ya viazi bila kula. Alimhurumia. Ndipo akakumbuka kwamba mchezoni yumo mjakazi, Lisbet, anayemenya njegere mwanzo mwisho bila kusema neno. Akamwomba Wiegand ampe nafasi hiyo, kamera imwone mgongo tu. Siku tisa wakakaa palepale kantini, yeye akichezesha midomo bila sauti, mzee akijifunza kuisoma.

Siku ya kurushwa, Brehm akakwama katikati ya kumuaga binti yake. Wiegand akashika kichwa. Mzee akamgeukia mjakazi, midomo ikacheza juu ya bakuli la njegere, na maneno yakamtoka taratibu, kama ndiyo kwanza anayafikiria. Aliyeigiza binti akalia machozi ya kweli. Kisha mzee akaongeza ambayo hayakuandikwa popote.

"Nawe, Irmtraud, pumzika sasa. Umekaa nami siku nyingi."

Baadaye Wiegand alifoka, akauliza huyo Irmtraud katokea wapi mchezoni. Irmtraud, macho mekundu, akamvuta mzee pembeni amweleze kwa upole, asije akaona haya.

"Bwana Brehm, mjakazi anaitwa Lisbet."

"Najua," akasema mzee. "Hilo sikulisahau."