Filamu Iliyomkosesha Mjomba Maziko

Mjomba wangu alikuwa mwigizaji kule Roma. Eti mwigizaji! Sijawahi kumwona akimaliza kikombe cha chai bila kulitaja hilo. Coventry Road nzima, hapa Small Heath, Birmingham, ilikuwa imeshachoka naye, na wenye akili zao wakimwona tu walijifanya wana simu ya kupokea. Madereva wa teksi walimwita "staa", na yeye, maskini wa Mungu, hakujua anachekwa.

Staa wa nini? Katika filamu zake zote alikuwa akifungua mlango. Au amebeba sinia. Au ni askari mweusi anayekufa kabla mtazamaji hajakaa vizuri. Lakini ukimsikia akisimulia, ungedhani Waitalia walifunga maduka siku alipoondoka. Debe tupu haliachi kuvuma.

Ningemwacha na upuuzi wake, ila Babu alipofariki, Eastleigh kule Nairobi, mjomba hakuja kuzika. Mwana wa kiume wa pekee! Kwanza alisema anakuja. Halafu akapiga simu kwamba yuko kwenye filamu, na safari hii amepewa maneno ya kusema, hawezi kuondoka. Nyanya, mama yake, alikaa na jambo hilo kifuani mpaka tukamleta Birmingham, macho yakiwa yameshazima. Alitaka kitu kimoja tu kabla hajafa: kuisikia hiyo filamu.

"Nijue ni kitu gani kilikuwa kikubwa kuliko baba yake," aliniambia.

Wallahi mjomba aliikwepa! Leo mashine mbovu, kesho kanda imepotea. Mwishowe, mwaka mmoja kabla ya korona, binti yangu aliitafuta kwenye intaneti akaipata hapo hapo. Ijumaa baada ya sala tukakaa sebuleni kwangu, mjomba amenuna, Nyanya karibu na spika.

Akatokea. Kijana mzuri, siwezi kusema uongo, amesimama mbele ya jenerali na kahawa yake. Akafungua mdomo. Ikatoka sauti nzito ya mzee wa Kitaliano.

"Nani huyo?" Nyanya akauliza.

"Ni mimi, Mama."

"Sauti ya mwanangu naijua. Huyo si wewe." Akanigeukia. "Wewe mwenye macho, ni yeye?"

"Ndiye, Nyanya."

Hapo mjomba ikambidi aseme, macho kwenye zulia. Enzi hizo Waitalia walikuwa wakitia sauti baadaye, studio, na wadogo kama yeye walitiliwa ya mtu mwingine. Siku ya kupiga picha hakupewa hata hayo maneno. Aliambiwa ahesabu tu, moja, mbili, tatu, kwa Kitaliano, ili midomo ionekane inacheza.

Nilimdharau siku ile kuliko siku zote. Mtu mzima! Hata aibu ya kuomba radhi hakuwa nayo, akaanza kutueleza kwamba waigizaji wakubwa nao walikuwa wakifanyiwa hivyo hivyo.

Nyanya hakumsikiliza. Alingoja anyamaze.

"Babako nilimlaza ndani siku mbili," akasema. "Wazee wananigombeza, wananiambia namtesa maiti, nami nawaambia ngojeni, mwanangu yuko njiani. Kumbe ulikuwa unahesabu."