Siku Niliyovaa Manyoya

Kuku aliyechinjwa akimwagiwa maji ya moto hutoa harufu ambayo sijui niilinganishe na nini. Si nzuri, si mbaya. Ni ya unyoya uliolowa, vumbi la bandani na mahindi. Jumamosi iliyopita jirani yangu alikuwa ananyonyoa kuku nyuma ya ukuta wetu, na mimi niliyekuwa naanika nguo nikajikuta nimesimama na shuka mkononi, machozi yananitoka. Mume wangu akaniuliza nina nini. Nikasingizia moshi. Ninyi sitawaficha: ilikuwa aibu, na nimeibeba tangu nikiwa na miaka kumi.

Tulikuwa tunakaa mtaa wa Nyamirambo, chumba na baraza, mimi na mama. Barazani ndiko ilikokaa cherehani yake ya kukanyaga. Alishona magauni ya Idi, mishanana ya harusi, yale mavazi ya kufungwa begani, mapazia, hata turubai za wauza nyanya. Alikuwa na tabia moja iliyowachosha wateja: hashoni kitu mpaka akielewe. Ukimpelekea picha ya gauni atakuuliza utalivaa ukiwa umekaa au umesimama, na kama utapanda gari au moto, yaani zile pikipiki zetu za abiria. Wengine waliondoka wakinung'unika, halafu wakarudi, maana nguo ya mama ilikuwa haimbani mtu wala haimwaibishi.

Mwaka ule alitamani jambo moja tu, kushona sare za shule yetu. Mkuu wa shule alikuwa anatafuta fundi mpya, na alisema wazi kwamba angemchagua siku ya wazazi, baada ya kuona mavazi ya maonyesho ya watoto. Mama aliziombea dua sare zile kila baada ya swala. Mimi nilisikia, kwa sababu chumba chenyewe kilikuwa kimoja.

Mada ya maonyesho ilikuwa wanyama wa sasa na wa zamani. Mwalimu Gasana, mwalimu wetu wa sayansi aliyekulia Uganda, alinipa mimi yule dinosaria mkali anayewinda kwa miguu miwili. Mnyama huyo mtaa mzima tulimjua, au tulidhani tunamjua. Karibu na soko kulikuwa na banda la video, na humo alikuwamo Sudi, aliyesimulia filamu za kigeni kwa kipaza sauti huku zikiendelea. Kwa Sudi kila mtu duniani alisema Kinyarwanda cha Nyamirambo, na dinosaria yule alikuwa "mamba aliyechoka kutambaa". Wasichana hatukuruhusiwa kuingia, lakini bati la nyuma lilikuwa na tundu, na tundu halijui msichana wala mvulana. Nilimwona vizuri: mrefu kuliko mtu, ngozi tupu ya kijani, mikono ameining'iniza mbele, viganja vinatazama chini. Aliyebisha neno la Sudi mtaani kwetu alionekana hana adabu.

Sasa Mwalimu Gasana akatuletea fotokopi ya kisukuku, mifupa iliyogeuka jiwe. Akatuambia kule China watu wamepasua mawe na kukuta viunzi vya wawindaji hao wadogo, na pembeni ya mifupa kuna alama za manyoya. Yule wa filamu, akasema, kwa kweli hakumzidi sana bata mzinga, na kucha yake ya hatari ilikuwa mguuni. Darasa likaangua kicheko. Nilicheka pia, tena kwa sauti, nisije nikaonekana niko upande wa bata mzinga.

Nyumbani nilitarajia mama achukue mabaki ya kitenge cha kijani tumalize. Yeye akaiweka fotokopi mezani, akavaa miwani, akaiinamia. Kichwa cha kile kiumbe kilikuwa kimepinda nyuma, mkia umenyooka, na kuzunguka mifupa kulikuwa na ukungu wa mistari myembamba.

"Hapa iko kitu," akasema, akifuata mistari kwa ncha ya sindano. "Zaina, kamuulize mwalimu wako, manyoya yanalala kuelekea wapi? Na mkononi iko?"

Mwalimu Gasana alifurahi kuulizwa swali kama lile. Akajibu kwamba yanalala kuelekea mkiani kama ya ndege yeyote, na kwamba kwenye mkono yalikuwa marefu zaidi. Mama aliposikia hivyo akaenda kwa Mzee Hamisi, mchinjaji wa kuku. Kwetu hata Wakristo wakiwa na harusi humwita Mwislamu awachinjie, ili wageni wote wale sahani moja bila wasiwasi, kwa hiyo uani kwa Mzee Hamisi manyoya hayakukosekana. Mama akarudi na gunia zima, na juu yake bawa moja bichi.

Bawa hilo alililaza kando ya fotokopi, akalikunja na kulikunjua mara nyingi. Kisha akaniita. "Ona kifundo hiki. Hakianguki chini, kinajikunja pembeni. Na huyu wa kwenye jiwe ni hivyo hivyo. Yule wa Sudi, Mana wee, mikono yake imevunjika!" Tulicheka mpaka jirani akagonga ukuta. Baadaye akaongeza, bila kucheka, kwamba mnyama wa ngozi tupu vile lazima aliteseka sana na baridi ya asubuhi.

Wiki nzima nyumba yetu ilinuka kama banda. Mama aliyaosha manyoya kwa sabuni ya unga, akayaanika kwenye mkeka, akayapanga kwa urefu. Alianza kushona kutoka mkiani akipanda juu, safu ya juu ikifunika mizizi ya safu ya chini, kama mabati yanavyopangwa. Yale marefu ya majogoo aliyaweka mikononi, mkia akautia waya. Mikono ya mama niliyokuwa nimeizoea kuiona na pini na chaki sasa ilikuwa na mikwaruzo. Nilipojaribu vazi lile barazani na kukunja mikono, manyoya yalijifunga pembeni yenyewe, nami nikahisi kweli kwamba ningeweza kumrukia mtu. Nililipenda. Naomba mlikumbuke hilo.

Siku ya wazazi ikafika. Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa, lakini wahenga hawakusoma shule yetu. Nilipotokea tu, sauti moja ikaita "Inkoko!", ambalo ndilo jina la kuku kwa Kinyarwanda, na mara uwanja mzima ukawa unaimba "Inkoko! Inkoko!" Mshereheshaji alikuwa Sudi, kwa sababu ndiye pekee mwenye kipaza sauti. Alinizunguka akinikagua, kisha akawageukia watu.

"Jamani, hii iko kuku! Ile mnyama mimi nimeisimulia mara mia. Haina hata unyoya moja, sha!"

Wazazi walicheka wakashika mbavu. Mwalimu Gasana alikuwa nyuma ya darasa akiwapanga watoto waliofuata, hakuona, na kelele zao zilimzuia kusikia. Mkuu wa shule, mama mpole, akaniinamia akaniuliza nilipaswa kuwa mnyama gani. Mama alikuwa amesimama hatua chache tu, kwenye gauni lake la bluu, na chozi langu lilikuwa limeshafika kwenye kope. Ningeweza kusema ukweli. Niliujua wote, safu kwa safu.

"Mimi nilimwambia mama mamba," nikasema. "Yeye ndiye aliyekosea akaweka manyoya."

Kipaza sauti cha Sudi kilikuwa karibu, kikalipeleka neno hilo mpaka barabarani. Mkuu wa shule akainua macho akamtazama mama. Nami nikamtazama, nikingoja akanushe, anipige kofi hata.

"Ni kweli," mama akasema. "Mtoto aliniambia vizuri. Kosa ni langu."

Akaja akanishika mkono tukaondoka, mkia wangu ukiburuza vumbi. Sare zilikwenda kwa fundi mwingine, wa mjini. Mama hakunipiga wala hakunigombeza, na mimi, kwa ujinga wa utoto, niliamua kwamba amekubali kuwa kweli alikosea. Uamuzi huo ulinifaa sana, nikalala.

Maji yakimwagika hayazoleki, lakini mtu mzima hujaribu tu. Mwezi uliopita nilisoma kwenye simu kwamba mfupa wa mkono wa dinosaria wa aina ile umekutwa na safu ya vinundu, mahali manyoya marefu yalipokuwa yamejishikiza, kama ilivyo kwa ndege wa leo. Nilishuka Nyamirambo siku hiyo hiyo. Nilimwonyesha mama picha, nikamwambia hakukosea, hata mkononi hakukosea, na nikamwomba msamaha niliouchelewesha miaka ishirini.

Akaivuta picha ikawa kubwa, akaikagua kwa makini. "Nilijua," akasema. "Mwalimu wako alisimuliwa, akaja jioni ile umeshalala, na makaratasi yake, amekasirika! Alitaka kwenda kwa mkuu wa shule amweleze yote. Nikampa chai, nikamsihi asiende."

Nikamuuliza kwa nini, wakati sare alizitaka kuliko kitu chochote.

"Angeenda, mimi ningekuwa fundi hodari," akasema, "na wewe ungekuwa mtoto mwongo mbele ya shule nzima. Ungeingiaje darasani Jumatatu?"

Jumatatu ile niliingia darasani nikicheka na wenzangu, na sikujiuliza hata mara moja ni nani aliyeilipia.